Kabla hujaigiza watu wako, rudi nyumbani ukasahihishwe

Mara ya kwanza kuigiza mama wa Kigogo, nilivishwa shuka nyekundu na shanga za Kimaasai, nikakalishwa mbele ya nyumba ya msonge. Mimi ni Mgogo, wa Dodoma, katikati ya Tanzania. Nyumba yetu ya asili ni tembe, yenye paa bapa la udongo, na nilijua hivyo siku ileile. Nilinyamaza kwa kuogopa kunyang'anywa nafasi.

Tamthilia ilipotoka, shangazi yangu kule Mvumi aliitazama kwenye simu mpaka mwisho. Shuka hakuigusia. Aliniuliza tu, "Mwanangu, mbona unasaga kama mtu anayefua?"

Akanipeleka kwenye jiwe. Akanipigisha magoti, akanionyesha kwamba nguvu haitoki mikononi, inatoka kiunoni ikapanda mabegani. Jiwe dogo unalisukuma kwa uzito wa mwili, kisha unalirudisha jepesi. Uwele unaongezwa kidogo kidogo kwa ncha za vidole, mwendo usikatike. Siku ya tatu viganja vilitoka malengelenge. Baada ya wiki moja na kitu mlio wa jiwe ulibadilika. Shangazi akaacha kunitazama, akaendelea kuchambua mlenda wake.

Wadogo zangu mnaoingia kwenye fani, anzieni hapo. Mavazi mtu anaweza kukuazima. Namna ya kusaga, ya kumpokea mgeni kwa "mbukwa", ya kuibana ngoma ya muheme kati ya mapaja, hiyo lazima iwe imekaa mwilini kabla hujashika muswada.

Na muswada wenyewe uombe mapema. Ukifika lokesheni jenereta inanguruma na watu wana njaa, hakuna atakayebadilisha nyumba. Siku hizi naenda kwa mwongozaji kabla ya kusaini, na picha mkononi, kwa sababu picha haibishaniwi kama maneno. Hili nilijifunza kwa mwigizaji David Gulpilil, wa jamii ya Wayolngu, wenyeji wa asili wa Arnhem Land, kaskazini mwa Australia. Alianza filamu akiwa kijana, mwaka 1971, akajulikana dunia nzima. Baadaye alimwonyesha mwongozaji Rolf de Heer picha iliyopigwa na Donald Thomson miaka ya 1930: wanaume wa kwao wakiwa ndani ya mitumbwi ya magome, kwenye kinamasi. Picha hiyo ikazaa filamu ya Ten Canoes, ya mwaka 2006, ambamo wahusika wanazungumza lugha zao wenyewe. Watu wa Ramingining, mji wa hukohuko Arnhem Land, wakaigiza mababu zao, na nani amwigize nani likaamuliwa kwa kufuata ukoo. Kila nikiikumbuka picha ile, nakumbuka msonge niliokalishwa mbele yake.

Mzee anayekufundisha alipwe, iandikwe kwenye mkataba, na jina lake lionekane mwishoni pamoja na ya mafundi wengine. Pigania hilo hata kama lako bado dogo. Mambo ya unyago usiyapeleke mbele ya kamera mpaka wenyewe wakuruhusu. Wakikataa, mwambie mwongozaji tukio hilo halipo.

Kazi iliyofuata nilikwenda na shangazi. Aliketi kwenye kigoda nyuma ya kamera. Nilisaga, mwongozaji akasema tumeipata, watu wakaanza kukunja nyaya.

"Bado," shangazi akasema. "Hapo kwenye kulirudisha jiwe. Arudie."

Mwongozaji alinitazama, akamtazama shangazi, akaomba taa ziwashwe tena.