Re: Mzigo wa mama Lushoto umeishia Mombo
Habari mkuu. Kwa hiyo mzigo uliomtumia mama Lushoto kwa basi kutoka Dar umeishia Mombo, pale chini ya mlima, na konda hapatikani. Anza na risiti: imeandikwa Lushoto au Arusha? Mabasi ya Moshi na Arusha hupita Mombo bila kupanda mlimani, mzigo wanaushusha hapo njia panda ya Lushoto. Yalinikuta hayo, gunia langu la mchele lililala kwa muuza chai siku mbili (halikupungua hata punje, watu wa Mombo bwana!). Mama amtume dereva wa Hiace za Lushoto aulizie kwa jina lililoandikwa kwenye mzigo, Mombo hadi Lushoto ni kilomita 33 hivi. Safari nyingine, hapo stendi ya Magufuli Mbezi, ulizia basi linalofika Lushoto kwenyewe, uandike na namba ya gari.