Kabla ya kushtaki kwa alama moja, tafuta kitabu

Binti wa kaka yangu alinipigia wiki iliyopita analia. Usaili wa kuandika wa ualimu kaukosa kwa alama moja, na kwenye kundi lao la WhatsApp watu wameshaanza kuchangishana hela za wakili. "Shangazi, tushtaki?" Nikamwambia futa machozi kwanza, nikusimulie ya Pune.

Nilisomea sheria Pune, India, mji ambao Watanzania wengi wamepita. Mazoezi ya vitendo niliyafanya kwa wakili mwenye majalada mengi ya TET, mtihani wa kustahiki ualimu. Tangu 2010 kule, anayetaka kuajiriwa kufundisha darasa la kwanza hadi la nane sharti awe ameufaulu: maswali 150, dakika 150, na kwa asiye wa makundi ya upendeleo alama ya kupita ni asilimia 60, yaani 90. Kwa hiyo wateja wetu wakubwa walikuwa watu wa 89. Sijaona namba inayotesa binadamu kama hiyo.

Simsahau dada mmoja aliyekuja na maswali manne, akiapa kwamba watunzi ndio waliokosea. Wakili hakumpa hata pole. Alimuuliza tu, "Kitabu kiko wapi?" Dada akatoa mwongozo wa masomo ya ziada, ule wa kununua barabarani. Mzee akausukuma pembeni. Alitaka kitabu cha kiada cha serikali, toleo lililokuwa likitumika mwaka ule, ukurasa wenyewe. Bahati nzuri Balbharati, wanaochapa vitabu vya shule za jimbo la Maharashtra, wako Pune humohumo, nikatumwa mimi na jua lile.

Niliporudi, kati ya maswali manne likabaki moja, lile ambalo ukurasa wa kitabu ulionyesha kosa waziwazi. Yale matatu yalihitaji maelezo, na mzee alikuwa na usemi wake: ukianza kumweleza jaji kwa nini jibu ni kosa, umeshashindwa. Hakujitungia. Mahakama ya Juu ya India, katika shauri la Ran Vijay Singh lililohusu mtihani wa walimu wa jimbo la Uttar Pradesh uliotangazwa 2009, ilisema mwongozo wa majibu, yaani majibu rasmi ya watunzi, uchukuliwe kuwa sahihi, na shaka ikiwepo imnufaishe mtahini. Kosa liwe wazi lenyewe, bila kulijengea hoja. Jaji hasahihishi mitihani. Na angalia tarehe ya hukumu: Desemba 2017. Tangazo la 2009, hukumu 2017! Mtu anaweza kuoa, kuzaa na kupeleka mtoto darasa la kwanza.

Yule dada alikuwa na tatizo jingine. Mwongozo wa awali wa majibu ulipotoka, kulikuwa na siku chache za kuweka pingamizi. Hakuweka, alidhani amefaulu. Swali la kwanza la upande wa pili likawa hilohilo: ulikuwa wapi wakati ule? Tukapanda treni ya asubuhi, Deccan Queen, kwenda Mumbai kwenye Mahakama Kuu mara tatu, mara tatu shauri likaahirishwa. Jalada likiwa bado kwa karani, alifanya mtihani uliofuata, akapata 97.

Nilichomwambia mpwa wangu ni hiki. Ukibishania jibu, utahangaika. Ukibishania utaratibu, una pa kushika: alama zimejumlishwa vibaya, vigezo vimebadilishwa baada ya tangazo, jibu lilelile limempa mwenzako alama wewe likakunyima. Kwanza andika barua ya malalamiko kwa walioendesha usaili, omba mchanganuo wa alama zako, na baki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. (Simu si ushahidi, hata kama aliyepokea alikuwa mpole.) Hapa Tanzania, anayetaka Mahakama Kuu itengue uamuzi wa mamlaka ya umma huomba kwanza kibali, na maombi hayo yana ukomo wa miezi sita tangu uamuzi. Miezi sita huisha watu wakiwa bado wanachangishana kwenye kundi. Na nafasi nyingine ikitangazwa, aombe. Kesi haimzuii.

Jana kanitumia picha ya ukurasa wa kitabu, kaupigia mstari kwa kalamu nyekundu. Nimemuuliza ni toleo la mwaka gani. Bado hajajibu.