Fidia ya ajali: marehemu hakuwa na hati ya mshahara

Wiki hii nimeyaweka pamoja maswali ya waliofiwa barabarani, kuanzia Usagara hadi Magu. Poleni nyote.

Shikamoo wakili. Mume wangu, miaka 41, aligongwa na lori Buhongwa. Alikuwa akinunua dagaa mwaloni Kirumba na kuwapeleka Shinyanga. Mtu wa bima anasema kwa kuwa hakuwa na hati ya mshahara, nipokee milioni nne tu. Ni sawa? (Mjane, watoto watatu)

Marahaba dada, na pole sana. Si sawa. Sheria ya fidia kwa vifo vya ajali, Sura ya 310, inaangalia familia imepoteza nini, hata kama marehemu alijiajiri. Mtu aliyelisha watoto watatu kwa dagaa alikuwa na kipato, na kipato hicho kina mashahidi: waliomuuzia, wapakiaji, wateja wake Shinyanga, daftari la mzigo, stakabadhi za ushuru, kitabu cha VICOBA (kikundi cha kuweka na kukopa), risiti za ada za shule. Omba taarifa ya miamala ya simu yake mapema, kabla laini haijafungwa kwa kutotumika.

Hesabu yenyewe mahakama zetu zimeirithi kutoka sheria ya Kiingereza, na unaweza kuifanya mezani kwa kalamu. Tuseme mashahidi wanathibitisha faida ya shilingi 600,000 kwa mwezi baada ya nauli, ushuru na kodi. Toa alichotumia mwenyewe, tuseme theluthi, yaani 200,000. Zinabaki 400,000 zilizofika nyumbani, sawa na 4,800,000 kwa mwaka. Kisha hutafutwa idadi ya miaka ya kuzidisha. Angefanya kazi hadi miaka 60, alibakiwa na 19. Mahakama haichukui yote 19, kwani kuna maradhi na biashara kuyumba, na wewe unapewa leo kwa mkupuo pesa ambazo yeye angezileta kidogo kidogo. Ikichukua 12, jibu ni 57,600,000. Ziweke kando ya hizo milioni nne.

Huu ni mfano, si ahadi. Ushahidi ukiwa dhaifu, 600,000 itashuka na kila kitu kitashuka nayo. Ndiyo maana nakusihi usisaini hati yoyote yenye maneno "malipo kamili na ya mwisho" kabla hujaipeleka kwa wakili au kituo cha msaada wa kisheria. Na wakili wako awe macho: miaka ikishapunguzwa kwa sababu ya mkupuo, sababu ileile isirudi mwishoni kukata tena. Gharama za mazishi nazo zidaiwe, kwa hiyo tunza risiti ya jeneza na ya gari.

Shemeji yangu ndiye msimamizi wa mirathi. Anasema fidia ni mali ya ukoo, na wazee wanaikumbuka njigu ya zamani. (Igoma)

Wazee wa Kisukuma wana haki ya kuikumbuka njigu. Ilikuwa fidia ya damu, ng'ombe wakitoka ukoo mmoja kwenda mwingine. Lakini fidia ya Sura ya 310 haiendi kwa ukoo, wala si sehemu ya mirathi ya kugawana kama shamba au nyumba. Ni ya waliomtegemea marehemu: mke au mume, watoto, wazazi, kila mmoja kwa kiasi alichopoteza. Shemeji anaweza kufungua shauri kama msimamizi, na hapo anabeba mzigo kwa niaba yenu tu. Muombeni wakili ataje mahakamani jina la kila mtegemezi na umri wake, na mahakama igawe mafungu kwenye hukumu yenyewe. Fungu la mtoto mdogo lisiingie mfukoni mwa mtu mzima yeyote, hata mama yake, bila mpango unaoeleweka. Nimekaza sauti hapa kwa sababu hapa ndipo watoto wengi wanapokosa shule.

Mwenye daladala anasema aliyekuwa kwenye usukani ni deiwaka, dereva wa kushikia kwa muda, hamjui. (Nyakato)

Kutomjua peke yake hakumtoi. Kama dereva wake wa kawaida alizoea kumwachia deiwaka gari na hesabu ya siku ikaendelea kupelekwa kwa mwenye gari, kuna hoja nzito kwamba gari lilikuwa kwenye kazi ya mwenye gari. Tafuteni kondakta na watu wa kituoni. Bima ndogo ni lazima kisheria, basi hakikini stika ilikuwa hai siku ya ajali. Mkiwa na shaka, ofisi ya Kanda ya Ziwa ya TIRA, mamlaka inayosimamia bima, iko hapahapa Mwanza. Kama haikuwa hai, deni linabaki kwa dereva na mwenye gari.

Mke wangu hakuwa na kazi. Kuna cha kudai? (Mzee wa Kisesa)

Mzee wangu, alikuwa na kazi. Nani alipika, alichota maji, alilima bustani, aliwaamsha watoto? Hesabu ni gharama ya kumlipa mtu afanye hayo leo. Huzuni yako haimo humo, na hilo linaniuma.

Mdogo wangu alikuwa abiria wa bodaboda, bila kofia. Tumepoteza haki?

Hapana. Fidia inaweza kupunguzwa kwa kiasi cha uzembe wake, haifutwi. Kama gari na bodaboda vyote vilikosea, dai kote kuwili.

Dereva alileta rambirambi laki tano na gunia la mchele. Mwaka wa pili sasa. Tumechelewa?

Rambirambi si fidia, ila kama mlisaini karatasi siku hiyo nileteeni niisome. Muda ndio wa kuogopa: kwa madai ya madhara, Sheria ya Ukomo inatoa miaka 3. Wiki hii nendeni polisi mkaombe taarifa ya ajali, mchoro wa eneo na ripoti ya ukaguzi wa gari. Kama dereva alitiwa hatiani na hakukata rufaa, chukueni nakala ya hukumu, maana hamtalazimika kuthibitisha kosa lake upya.