Usitie saini maelezo ambayo hujayasoma

Mdogo wangu wa Tandahimba, umeeleza kwamba umepigiwa simu ufike kituo cha polisi Jumatatu kuhojiwa juu ya magunia ya korosho yaliyopungua, ukauliza kama uende peke yako, kisha ukaongeza kwamba mwenyekiti wa chama chenu amekushauri ukatie saini yaishe. Nakuomba usimsikilize. Ushauri huo huo ndio ulionifikisha kizimbani.

Nilikuwa karani wa mizani katika chama kimoja cha msingi cha ushirika wa wakulima, na msimu ule magunia 86 hayakuonekana ghalani. Nilimweleza mpelelezi kwamba niliyaandika daftarini yakiwa bado uani kwa wakulima, kabla hayajapimwa, kwa sababu lori lilichelewa na mvua ilikuwa imetanda. Aliandika kwa mkono, haraka, hadi jua likazama. Miwani yangu niliiacha nyumbani. Aliponisogezea karatasi nne na kalamu nilimtazama kiongozi wangu aliyenisindikiza, naye akasema, "Weka saini, huo ni utaratibu, watoto wanakusubiri." Nikatia saini kila ukurasa, na kwenye ukurasa wa tatu saini yangu ilikaa chini kabisa, ikiwa imeachiwa nafasi tupu ya mistari mitano juu yake.

Sentensi ile niliisikia kwa mara ya kwanza mahakamani: "Nilipokea magunia 86 na sikuyafikisha ghalani." Kutoka kuyaandika hadi kuyapokea ni neno moja tu, lakini neno hilo lilinigharimu miezi kumi na moja ya kwenda na kurudi mahakamani, na mikorosho ya marehemu baba niliiweka rehani nipate fedha za wakili. Wakili alipinga maelezo yale yasipokelewe, kukawa na kesi ndogo ndani ya kesi kuu ili mahakama ipime kama niliyatoa kwa hiari, na mwishowe stakabadhi za mizani ndizo zilizoniokoa. Kiongozi aliyeniambia nitie saini hakufika hata siku moja kunitolea ushahidi. Bado nina hasira naye, kwa sababu alikuwa na uzoefu wa mambo ya vituoni na alijua karatasi ile ina uzito gani.

Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, haikuniacha mtupu. Mimi ndiye niliyekuwa siijui. Askari anayemhoji mtuhumiwa aliye chini ya ulinzi anatakiwa kumtajia jina na cheo chake, kumweleza kosa kwa lugha anayoielewa vizuri, na kumwonya kwamba halazimiki kujibu maswali ya tuhuma na kwamba atakachosema kinaweza kutumika kama ushahidi. Muda wa msingi wa mahojiano ni saa nne, ingawa unaweza kuongezwa kwa utaratibu uliowekwa, na mtuhumiwa ana haki ya kuwasiliana na wakili, ndugu au rafiki. Maelezo yakishaandikwa ni lazima asomewe au apewe ayasome, kisha aulizwe kama anataka kusahihisha au kuongeza jambo. Anaweza pia kuomba ayaandike mwenyewe, na ningelijua hilo siku ile ningeliomba kalamu kabla ya swali la kwanza.

Kwa hiyo uliza mwanzoni kama unahojiwa kama shahidi au kama mtuhumiwa, kwa maana mimi niliitwa shahidi asubuhi na jioni nikawa mtuhumiwa. Maelezo yakikamilika, soma neno kwa neno, na penye kosa lisahihishwe mbele yako nawe utie saini ndogo pembeni. Nafasi tupu ipigwe mstari kabla saini yako haijakaa chini yake. Wakikuharakisha, sema kwa adabu kwamba bado unasoma, hata kama ni saa mbili usiku na gari la mwisho la kurudi kijijini limeshaondoka.

Jumatatu nenda na kaka yako au mjomba, si mwenyekiti, na uchukue nakala za stakabadhi za mizani. Zile halisi ziache nyumbani kwa mtu unayemwamini. Na kama unatumia miwani, itie mfukoni usiku wa Jumapili.