Saladi ya miguu na masikio ya nguruwe: kwa mpishi anayeanza

Ukiajiriwa upya kwenye jiko la Kiitaliano, usishangae ukikabidhiwa beseni la vipande ambavyo wengi hawavitaki: miguu, masikio, ulimi. Usivunjike moyo, maana vipande hivyo vina heshima yake. Kule Napoli kuna chakula cha barabarani kiitwacho 'o pere e 'o musso: mguu wa nguruwe na pua ya ndama, vikachemshwa hadi kulainika, vikapoa, vikakatwakatwa na kukamuliwa limau. Muuzaji wa jadi huinyunyizia nyama chumvi kutoka kwenye pembe ya ng'ombe yenye tundu nchani. Milano nao wana nervetti, kano za ndama kwa kitunguu, mafuta ya zeituni na siki. Saladi ninayokufundisha ni ya ukoo huo, ila hii inashibisha zaidi kwa sababu ina maharagwe.

Anza na usafi. Babua ngozi kwenye moto wa gesi, kwangua vinyweleo kwa kisu, halafu kagua katikati ya vidole vya mguu na kwenye mikunjo ya sikio. Hapo ndipo uchafu unapojificha. Tia kila kitu kwenye maji baridi, chemsha dakika 5, mwaga maji yote, osha nyama na sufuria. Wapo wanaoiruka hatua hii ili kuokoa muda. Nyama yao hubaki na harufu, na harufu ile haifunikwi na siki yoyote.

Kama unafanya kazi Malindi, ambako mikahawa ya Kiitaliano ni mingi, huenda jikoni mna wenzako Waislamu. Tenga ubao, kisu na sufuria ya nguruwe bila kusubiri kuombwa.

Sasa weka maji mapya ya baridi, karoti, kitunguu, selari, jani la bay, pilipili manga nzima, na chumvi gramu 10 kwa kila lita. Chakula kinacholiwa kimepoa hudai chumvi zaidi ya kile cha moto. Kisha punguza moto, na hapa naomba unisikilize vizuri, kwa sababu saladi hii inafaulu au kuharibika sufuriani, kabla hujagusa bakuli. Maji yasichemke kwa fujo. Yatokote tu, viputo vichache vikipanda pembeni, nyuzi 85 hadi 90 hivi. Miguu na masikio hayana mnofu wa maana. Ni ngozi, kano na gegedu, na kinachovikaza ni kolajeni. Kolajeni hugeuka polepole kuwa jelatini, ule unato unaousikia midomoni ukinywa supu ya makongoro. Ukiwasha moto mkali, ngozi inapasuka huku ndani kungali kugumu, na mchuzi unachafuka.

Miguu huchukua kama saa 3, masikio saa 2 na zaidi, ulimi saa 1 na nusu hadi 2. Kwa hiyo usivitie wala kuvitoa kwa pamoja. Saa ni mwongozo tu. Vuta kidole cha mguu: kikiachia mfupa bila kubishana, umefika. Sikio, ng'ata kipande uonje. Ngozi iwe laini lakini gegedu liwe bado na mlio kidogo.

Toa mifupa nyama ingali na moto, menya na ulimi hapohapo, kwani ukipoa ngozi yake inang'ang'ania. Mguu una vifupa vidogo vingi, hivyo pitisha vidole mara mbili. Panga nyama kwenye trei, ikandamize kwa kitu kizito, na ndani ya saa 2 iwe imeingia friji.

Maharagwe ni borlotti, aina ya Kiitaliano yenye madoa mekundu. Ukiwa Kenya, rosekoko hushika nafasi hiyo bila tatizo. Yalaze kwenye maji usiku kucha, yachemke kwa nguvu dakika 10 za kwanza, kisha taratibu mpaka yaive. Yatie mafuta, siki na chumvi yangali na moto, yanywe ladha.

Nyama ikishashikana, ikate nyembamba kabisa. Kitunguu chekundu kiloweke kwenye maji baridi na siki dakika 10. Changanya vyote na selari mbichi, majani ya pasli na limau kwa ukarimu, maana unato huo unahitaji uchachu wa kuukata. Usiiandae saladi ikitoka friji moja kwa moja. Jelatini baridi hutafunika kama mpira; iache nje nusu saa, onja tena, ongeza siki, ndipo ipelekwe mezani na mkate.

Nyama isiyotiwa viungo hukaa friji siku 3. Mchuzi uchuje na uuhifadhi: ukipikia dengu, hutahitaji mafuta mengi.