Kabla hujaisambaza ile video ya Januari

Kila ikikaribia tarehe 12 Januari, ile video ya Mapinduzi ya Zanzibar ya mwaka 1964 huanza tena kuzunguka kwenye magrupu ya WhatsApp: maiti zimelala chini, watu wanakimbilia pwani, na kamera iko juu angani. Anayeituma huandika "tusisahau", basi. Imetoka wapi, hasemi.

Imetoka kwenye Africa Addio, filamu ya mwaka 1966 ya Waitaliano wawili, Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi. Walikuwa wameshajipatia jina kwa Mondo cane ya 1962, iliyookoteza vituko vya dunia na kuviuza sinema kama ukweli mtupu. Kwa picha walizopiga Kongo, Jacopetti alituhumiwa kwao Italia kwamba mauaji yalipangwa yaendane na kamera. Kesi ikaisha kwa kuachiwa huru.

Ya Zanzibar hayakuwa maigizo. Watu walikufa kweli, na idadi yao inabishaniwa hadi leo. Ndiyo maana simwambii mtu aifute akajifanya hakuna kilichotokea. Ila ukiitazama, zima sauti kwanza. Msimulizi ana lake: anataka uamini kwamba Mzungu akishaondoka, Mwafrika hajui ila kuchinja. Mnyamazishe, utaanza kujiuliza mwenyewe nani kamuua nani, na kwa nini.

Kubwa zaidi ni wazee. Shangazi yangu aliwekewa na kijana mmoja wa nyumbani, kwa nia njema tu. Akaomba isimamishwe. Akaisogeza simu karibu na macho, akawa anatafuta kanzu moja baada ya nyingine, maana kaka yake hakurudi na kaburi lake halijulikani. Kwa urefu ule uso hauonekani. Akaomba irudishwe nyuma, tena na tena. Kwetu maiti hata akioshwa hufunikwa shuka. Hawa walitandazwa mbele ya watu waliokata tiketi.

Kwa hiyo ukitaka habari za mwaka ule, mwulize mzee, umsikilize, simu ikae mfukoni. Akitaka kuona, atasema mwenyewe. Kwenye grupu la ukoo, tuma maelezo ya filamu, video uiache. Na kwenye mipangilio ya WhatsApp zima upakuaji wa video wa moja kwa moja, hasa kwenye simu ambazo watoto huazima kuchezea gemu.