Usiogope kukojoa: baridi, kiu na mzamiaji wa Mtwara

Kuna desturi moja kwenye boti za Mikindani ambayo ningependa ife. Mtu anakataa maji asubuhi kwa sababu suti ya kuzamia ni ya kukodi na hataki kuikojolea. Nimewasikia wageni wakisema hivyo, na vijana wetu pia, wale waliozoea kuzamia pweza kwa pumzi ya kifua kabla ya kushika mtungi wa hewa. Wanashuka na kikombe kimoja cha kahawa tumboni. Wakipanda kichwa kinawagonga, na lawama zote zinaliendea jua.

Ndugu yangu, ukiingia baharini utakojoa tu, uwe umekunywa au hukunywa. Maji yanaubana mwili pande zote, na damu iliyokuwa miguuni inasogezwa kifuani. Mwili unaona damu imejaa kule, unaamini maji yamezidi, na figo zinapewa kazi ya kuyatoa. Baridi nayo inachangia: mishipa ya ngozini inajifunga ili joto lisitoke, damu zaidi inarudi ndani, figo zinaongeza kasi. Kwa hiyo aliyekataa kunywa hajazuia mkojo. Amejinyima tu cha kuziba pengo.

Halafu kuna hewa yenyewe. Kompresa inayojaza mitungi huchuja unyevu, maana mtungi wenye maji ndani hupata kutu. Hewa hiyo kavu lazima mapafu yailainishe kwa maji ya mwili kila unapovuta pumzi. Ndiyo maana ukifika juu koo limekauka kama umemumunya ubuyu. Na kwenye maji baridi hamu ya kunywa hupungua, kwa hiyo ukingoja kiu ikuambie, umeshachelewa.

Najua kuna anayecheka: baridi gani Mtwara? Wakati wa kaskazi, kweli, maji yetu yanafika nyuzi 29 hata 30. Lakini njoo Julai au Agosti, kusi inapovuma, maji yanashuka mpaka karibu na 25. Mwili wako uko 37, na maji hunyang'anya joto mara 25 hivi kuliko hewa ya joto lilelile. Saa nzima ndani ya maji hayo si mchezo. Suti yako ya milimita tatu nayo si ya milimita tatu kule chini. Kwenye mita 10 mgandamizo ni mara mbili ya ule wa juu, viputo vilivyomo kwenye mpira vinabanwa, na suti inakuwa nyembamba palepale unapoihitaji. Safari ya kurudi kutoka Msimbati ukiwa umelowa, upepo unakupiga usoni, nayo inaiba joto lake. Ukishuka mara ya pili siku hiyo, unaanza na deni la joto.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo wengi hawajalisikia. Jeshi la Wanamaji la Marekani lilitoa utafiti mwaka 2007. Wazamiaji waliwekwa kwenye maji ya nyuzi 36 au 27, na joto likabadilishwa kati ya muda wa kukaa chini na muda wa kupanda. Waliokaa chini wakiwa na joto kisha wakapanda kwenye baridi waliugua ugonjwa wa mgandamizo, ule wa naitrojeni ya hewa ya mtungi, inayoingia mwilini chini, kugeuka mapovu unapopanda, zaidi sana kuliko waliopoa chini na kupata joto wakipanda. Sababu yake inaeleweka. Ukiwa na joto na unafanya kazi, damu inakimbia kwenye misuli na kuijaza naitrojeni. Ukipoa wakati wa kupanda, mishipa inajifunga na naitrojeni inakosa njia ya kutoka haraka.

Kilichonishtua mimi ni hiyo namba 27. Kwao ndiyo ilikuwa baridi. Kwetu hiyo ni bahari ya kawaida kabisa! Na tazama tunavyozamia: tunapambana na mkondo kule chini mpaka tunatoa jasho, kisha, ili naitrojeni itoke kabla ya kufika juu, tunaning'inia mita tano kwa dakika tatu huku meno yanagongana.

Sisemi ujipoze makusudi chini. Vidole vilivyokufa ganzi havifungui kifungo wala havibonyezi saa vizuri, na mtu anayetetemeka humaliza hewa upesi. Nasema usijichoshe chini, na vaa suti itakayokutosha mpaka mwisho wa kupanda, kofia yake ikiwemo, hata kama wenzako wanakuita mzee. Ukianza kutetemeka, mpe mwenzako ishara mpande taratibu. Hiyo mbizi imekwisha.

Maji nayaanza jioni ya siku iliyotangulia. Asubuhi naangalia mkojo: ukiwa wa manjano mpauko nashuka, ukiwa mzito kama chai ya rangi nakunywa na kusubiri. Uji mwepesi unanifaa kuliko kahawa, na kati ya mbizi mbili napiga dafu au maji kidogo kidogo. Usigugumie lita mbili kwa mkupuo ukidhani unafidia. Maji mengi kupita kiasi mwilini yanaweza kuyalemea mapafu ukiwa chini. Pombe ya usiku wa jana nayo inahesabika. Wala kunywa maji si ruhusa ya kuzidisha kina au muda, maana hivyo ndivyo vinavyowaletea watu ugonjwa kwanza.

Ramadhani inaleta swali kila mwaka. Aliyefunga, kama ni lazima ashuke, ashuke asubuhi mapema baada ya daku, mbizi moja fupi ya maji mafupi. Mchana wa saa nane, hapana. Mimi nikipanga ratiba, waliofunga nawapa kazi za boti, na hakuna anayenuna.

Wazamia pweza wa pumzi moja, ninyi hamna shida kubwa ya naitrojeni, lakini baridi inawafupishia pumzi. Mwili unaotetemeka unakula oksijeni. Baadhi yenu mnaifidia kwa kupumua harakaharaka kabla ya kuzama, na hapo ndipo watu wanapozimia karibu na uso wa maji, kwa sababu hewa chafu (kaboni dioksidi) inayoamsha hamu ya kuvuta pumzi imeshatolewa. Pumzika juu, ota jua, kunywa. Na mmoja akiwa chini, mwingine awe juu anamtazama.

Ukifika juu, vua suti, jikaushe, jifunge kikoi, kaa mahali pasipo upepo na chai ya tangawizi. Maji ya moto ya kuoga yasubiri: kupasha mwili ghafla kunaweza kuongeza mapovu.

Na uchovu usio wa kawaida, maumivu ya bega au kiwiko, ganzi, kizunguzungu, vipele au mkojo kugoma kutoka, usiviite baridi wala kiu. Mlaze mtu, mpe oksijeni safi, mpe maji kama ana fahamu na anameza vizuri, usimrudishe baharini. Andika alishuka mita ngapi na kwa muda gani, maana daktari atauliza hilo kwanza, kisha mpelekeni hospitali bila kungoja kuona kama atapona mwenyewe.